Jibu Kamili la Swali Bovu

Mwaka 1984 ndugu wawili wa Marekani, Stuart na Donald Geman, walichapisha makala iliyobadili namna kompyuta inavyosafisha na kuainisha picha. Pikseli isihukumiwe peke yake, walisema. Majirani zake nao wasikilizwe. Kila pikseli ina ushahidi wake wa rangi, na kila majirani wawili wanapopewa majina tofauti, yaani aina tofauti, hutozwa faini. Jibu linalotafutwa ni lenye gharama ndogo kuliko yote, yaani jumla ya faini hizo na ya kwenda kinyume na ushahidi. Modeli hiyo ndiyo uga nasibu wa Markov. Kulifikia jibu lenyewe kulikuwa kazi nzito, kwa hiyo walibahatisha huku wakipunguza ubahatishaji polepole, kama fundi anavyopoza chuma.

Mwaka 1989 Greig, Porteous na Seheult wa Chuo Kikuu cha Durham, Uingereza, walionyesha kwamba kwa picha yenye majina mawili tu, jibu kamili linaweza kupatikana. Ungetegemea furaha. Lakini faini ilipopandishwa, jibu kamili lilisawazisha picha kupita kiasi, hata likawa mbali zaidi na picha ya kweli kuliko yale ya kukadiria. Udhaifu wa mbinu ya zamani ulikuwa umeficha udhaifu wa modeli. Kwangu hilo ndilo jambo zito kuliko yote katika historia hii, na bado halifundishwi vya kutosha.

Mbinu na maktaba za programu zilizofuata zilirahisisha kila kitu. Mwaka 2001 Boykov, Veksler na Zabih walileta mbinu ya haraka kwa majina mengi. Mwaka 2008 Szeliski na wenzake walipozilinganisha mbinu kadhaa, waliona kwamba katika picha za kupima umbali, ramani ya kweli ilikuwa na gharama kubwa kuliko ile iliyotolewa na mashine. Mashine ilikuwa imeupita ukweli.

Sasa mchukue mwanafunzi anayeainisha mikoko ya delta ya Rufiji kwa picha za Landsat, ambazo pikseli yake ni mita 30. Hori jembamba lina upana wa pikseli moja, na mikoko pande zote mbili, kwa hiyo kila pikseli yake inalipa angalau faini mbili. Mbinu inayobadilisha pikseli moja moja hulila hori kutoka mwishoni, kisha hukwama inapokutana na pikseli yenye ushahidi mzito wa maji. Mbinu kamili hujumlisha hori zima na kulifuta kwa mkupuo mmoja, kwa sababu jumla ya faini imeushinda ushahidi. Ramani inapendeza. Usahihi nao unapanda, maana vituo vya ukaguzi viliwekwa katikati ya misitu mipana. Maji yanayoilisha mikoko hiyo hayapo tena kwenye ramani.

Ndiyo maana namsihi kila anayepakua maktaba ya aina hii asiikubali faini aliyoikuta humo. Weka vituo vya ukaguzi juu ya hori zenyewe. Kisha chukua kipande kidogo, ukichore kwa mkono, na upige hesabu ya gharama yake kwa modeli ileile. Ikiwa mchoro wako sahihi una gharama kubwa kuliko jibu la mashine, usitafute maktaba yenye nguvu zaidi. Rudi kwenye faini.