Vifungo vya Wilma

Katika filamu The Best Years of Our Lives (1946), Harold Russell, askari aliyepoteza viganja vyote viwili kwelikweli, anamwonyesha mchumba wake Wilma jinsi anavyovua kulabu zake usiku. Wilma ni Cathy O'Donnell. Hashtuki, hahutubii, anamfunga vifungo vya shati la kulalia. Russell alipewa tuzo mbili za Oscar kwa uhusika huo. Cathy hata kuteuliwa hakuteuliwa, ilhali nusu ya tukio lile, kwa maoni yangu, ni yake: bila utulivu wa uso ule tungebaki kukodolea macho vyuma. Filamu yake ya mwisho ilikuwa Ben-Hur ya 1959, akiwa Tirzah, dada yake Ben-Hur anayepatwa na ukoma. Ben-Hur ilizoa Oscar 11. Yeye alikuwa na miaka 36.