Je, Yatupasa Kumwamini Shahidi Tusiyemwona?

Swali hili limeletwa kwetu walimu mara nyingi, na hasa baada ya watoto kupelekwa kuyatazama mawe ya Isimila. Mtoto arudi nyumbani Kihesa jioni, amwambie baba yake kwamba ameona mashoka ya mawe ya watu wa kale, na kwamba umri wa mashoka hayo ni miaka 260,000. Baba ni mzee wa kanisa. Amezoea kuvihesabu vizazi tangu Adamu, na hesabu yake haifiki huko hata kidogo. Basi amwuliza mtoto, "Nani alikuwako akaihesabu miaka hiyo?" Mtoto hana jibu. Naye mwalimu akiulizwa hujibu ya kwamba wataalamu ndio wasemao hivyo. Jibu hilo halitoshi, maana hata mpiga ramli ni mtaalamu kwao wamwendeao.

Sisi twaona kwamba mzee huyo ameuliza swali la haki. Sheria ya Musa hairuhusu mtu ahukumiwe kwa neno la shahidi mmoja tu. Yataka wawili au watatu. Naye Tomaso, aliyetaka kuzigusa alama za misumari kwanza, Bwana hakumfukuza. Basi kuuliza ni nani aliyekuwako si utovu wa imani, wala si ujinga. Walakini aulizaye hana budi alingoje jibu, na akilisikia alipime kama mwamuzi apimavyo, asiyependelea upande wo wote. Hapo ndipo penye taabu, kwa wazee na kwa walimu pia.

Na tueleze kwanza jambo lenyewe lilivyo. Isimila ni korongo lililoko kama kilomita 20 kutoka mjini Iringa, kwa njia iendayo Mbeya. Zana za mawe zilitambuliwa humo mwaka 1951, na mwaka 1957 na 1958 Clark Howell, mtaalamu kutoka Marekani, alichimba pamoja na wenzake. Waliona mashoka mengi ya kushikwa mkononi, yaliyochongwa pande zote mbili kwa ustadi, na mifupa ya wanyama, miongoni mwao kiboko wa namna isiyokuwako tena duniani. Zamani zile pale palikuwa na maji. Umri wake ulikadiriwa kuwa miaka kama 60,000, na hesabu hiyo ikakaa katika vitabu vya wageni. Kisha mwaka 1972 Howell na wenzake walitoa hesabu nyingine, iliyopatikana kwa kuupima mfupa uliotoka korongoni, nayo ndiyo ile hesabu aliyoileta mtoto nyumbani.

Mfupa husemaje? Kila kitu kimefanywa kwa atomu, na ndani ya atomu mna kiini kidogo mno ambacho ndicho chenye karibu uzito wake wote. Zipo atomu zilizo kama pacha: jina moja, tabia moja, zikichanganywa na dawa yo yote hufanya kazi ile ile, ila viini vyake havina uzito sawa. Pacha hao Frederick Soddy aliwaita isotopu, mwaka 1913. Mwaka 1919, huko Cambridge, Francis Aston alitengeneza chombo cha kuwatenga, na kazi yake yafanana na ya mwanamke apepetaye kwa ungo: upepo huyachukua makapi mbali na kuziacha punje karibu. Badala ya upepo Aston alitumia umeme na sumaku. Atomu nyepesi zikapinda sana, nzito zikapinda kidogo, kila moja ikaangukia mahali pake.

Baadhi ya isotopu hazidumu. Uraniamu ya 234 huvunjika na kuwa thoriamu ya 230, na nusu yake huwa imekwisha katika miaka kama 245,000. Thoriamu nayo huvunjika, nusu yake katika miaka kama 75,000. Sasa msomaji ashike neno moja, maana ndilo ufunguo: uraniamu huyeyuka katika maji, na thoriamu karibu haiyeyuki kabisa. Mfupa ukizikwa katika udongo wenye maji huinywa uraniamu peke yake. Tangu siku hiyo thoriamu huzaliwa humo ndani, kama watoto katika nyumba ya watu waliooana. Akija mgeni akawahesabu wazazi na watoto, aweza kukisia ndoa ni ya siku nyingi au chache.

Lakini wahesabiwaje, nao hawaonekani? Kiini kinapovunjika hutupa nje chembe, na nguvu ya chembe hiyo ni sifa ya isotopu yake: ya thoriamu ina nguvu zake, ya uraniamu ina zake, hazibadiliki. Chombo huzipokea chembe moja moja na kuzipanga kwa nguvu zake. Mke aliye ndani usiku huujua mwendo wa mumewe uani kabla hajabisha hodi, wala hasemi kwamba hakumjua kwa sababu hakumwona. Elimu hii ya kuvitambua vitu kwa kuipanga nguvu vinayoitoa huitwa spektroskopia.

Iko na njia nyingine, nayo ni ya kuitikiana. Apigaye zeze ajua kwamba nyuzi mbili zikilinganishwa barabara, ukiupiga mmoja na wa pili hulia wenyewe bila kuguswa. Zisipolingana, wa pili hunyamaza. Viini vingi vya atomu vikiwekwa katika sumaku yenye nguvu hufanya vivyo hivyo: kila namna ya kiini ina sauti yake, nayo ikiitwa kwa mawimbi ya redio yaliyo sawa na sauti hiyo, huitikia. Kaboni ya 12 haiitikii kabisa. Pacha wake, kaboni ya 13, huitikia. Jambo hili la kuitikia kwa viini vilivyo ndani ya vitu kama maji na nta lilitangazwa mwaka 1946 na makundi mawili huko Marekani. Kundi la Edward Purcell lilikuwa Harvard likitumia nta ya namna ya mshumaa, na la Felix Bloch lilikuwa Stanford likitumia maji, nchi nzima ikiwa katikati yao. Mashahidi wawili walikaa mbalimbali, na neno lao lilikuwa moja.

Elimu hiyo sasa iko karibu nasi kuliko tudhanivyo. Mgonjwa apelekwaye Muhimbili akalazwa ndani ya ile mashine kubwa ya sumaku, picha ya ubongo wake hutokana na kuitikia kwa viini vya hidrojeni vilivyomo mwilini mwake. Mzee wetu akiambiwa na daktari, kwa ushuhuda wa viini hivyo, kwamba ana uvimbe kichwani, hatauliza nani aliingia humo akauona. Atatia sahihi apasuliwe. Kwa nini basi ushuhuda wa viini uwe kweli kichwani na uongo korongoni?

Twajua atakavyojibu, na jibu lake si baya: kisu cha daktari kitafungua, na uvimbe utaonekana, lakini Isimila hakuna kisu kiwezacho kuifungua miaka. Ni kweli. Ndiyo sababu wapimaji wenyewe wametafuta vitu ambavyo umri wake wajulikana kwa njia nyingine. Mwaka 1949 Willard Libby na wenzake, huko Chicago, walipotaka kujua kama kaboni ya 14 yasema kweli, walichukua mbao za makaburi ya wafalme wa Misri, Djoser na Sneferu, ambao zamani zao zilikwisha kujulikana kwa historia. Hesabu zikakaribiana. Mwaka 1990 ikatukia kinyume. Matumbawe ya bahari ya Barbados yalipimwa kwa uraniamu na kwa kaboni pia, na ikaonekana ya kuwa kwa vitu vya miaka kama 20,000 hesabu ya kaboni ilipungua karibu miaka 3,500. Jambo hilo halikufichwa. Lilipigwa chapa, na wahesabuo kwa kaboni wakalazimika kuzisahihisha hesabu zao. Nasi twauliza: mpiga ramli gani amepata kuitangaza ramli yake iliyokosa, na kiasi ilichokosa?

Hata hivyo mfupa wa Isimila hatutautetea kupita kiasi. Kaboni haiwezi kuusaidia, maana nguvu yake huishia kwenye miaka kama 50,000. Tena mfupa si chombo kizuri cha kutunza uraniamu. Matumbawe huifungia ndani. Mfupa huendelea kunywa, na pengine kutapika, kila maji yapitapo. Shahidi akiwa ameendelea kupokea vitu mkononi mwa watu baada ya kesi kuanza, mwamuzi humsikiliza kwa hadhari. Wapimaji wa 1972 walijua hayo, nao hawakuandika 260,000 tupu: waliandika kwamba huenda ikazidi kwa 70,000 au ikapungua kwa 50,000. Yaani ni kati ya 210,000 na 330,000, tena ikiwa maji hayakuuharibu ushuhuda.

Nani basi aliyeyafuta maneno hayo? Sisi walimu. Kitabuni yapo; ubaoni hayapo. Mtu akisimama barazani akasema, "Nadhani alikuwa fulani, ila palikuwa na giza," na karani akaandika, "Alikuwa fulani," shahidi hakusema uongo. Karani amesema. Amri ikatazayo kumshuhudia jirani uongo twaisoma mara nyingi kana kwamba yamhusu tu azuaye jambo lisilokuwako. Nasi twaamini yamhusu pia ayaondoaye mashaka ya mwenziwe ili habari ipendeze.

Wala mzee naye hajasafika. Ile hesabu ya miaka elfu sita aishikayo haimo katika Maandiko. Iliyo mashuhuri katika hesabu za namna hiyo ni ya James Ussher, askofu mkuu huko Ayalandi, aliyeitoa mwaka 1650 kwa kuunganisha vizazi na tarehe za wafalme, akaweka uumbaji mwaka 4004 kabla ya Kristo; baadaye ikachapwa pembeni mwa Biblia za Kiingereza, na watu wakaisoma kama sehemu ya Neno. Ni ushuhuda wa mtu mmoja, mwenye bidii na elimu, lakini mtu. Zaidi ya miaka elfu moja kabla yake, Agostino, askofu wa Hippo katika Afrika, aliyefariki mwaka 430, alikwisha kufundisha kwamba siku zile sita zisidhaniwe kuwa siku za kawaida kama zetu. Hakuwa na mfupa wala chombo. Basi mtu asiogope kwamba kuuliza umri wa mawe ni kuiacha njia ya mababa wa kanisa.

Na kwa kuwa tumesema habari za upendeleo, tutaje jambo litugusalo Uheheni. Mwaka 1954 fuvu lililosadikiwa kuwa la Mkwawa lilirudishwa Kalenga. Gavana Twining alilichagua miongoni mwa mafuvu ya nyumba ya makumbusho ya Bremen kwa kupima umbo lake na kulilinganisha na vichwa vya jamaa za Mkwawa, na kwa kuwa lilikuwa na tundu la risasi. Wataalamu wengine wameyatilia shaka matambuzi hayo. Ni wangapi kati yetu waliomwuliza Twining, "Nani alikuwako?" Fuvu tulilitaka, likaja. Hatusemi kwamba si lenyewe. Twasema tu kwamba ushahidi wake, ukiwekwa mizanini kando ya ule wa mfupa wa Isimila, hauna hesabu ya kuzidi wala kupungua iliyoandikwa pembeni, nao tuliupokea kwa vigelegele, wakati huu mwingine twaupokea kwa kununa. Moyo una mizani yake.

Kwa hiyo mtoto akiulizwa jioni, tungependa awe na la kujibu. Ajibu ya kwamba hakuwako mtu, ulikuwako mfupa. Ulipimwa, na habari zake zikatolewa mwaka 1972, kwa uraniamu na thoriamu. Umesema 260,000, na wenyewe waliousikia wakasema usiaminiwe kwa kila elfu yake. Baba akitaka shahidi wa pili, ana haki, wala asionekane mkaidi. Ila mfupa upimwao kwa njia hiyo husagwa ukawa unga, ukayeyushwa katika asidi, haurudi tena. Kwa hiyo shahidi wa pili hawezi kutoka katika kipande kile kile. Hana budi atafutwe humo humo korongoni, katika kuta za udongo ambazo kila masika maji huzimega na kuzichukua.