Pazia la Kamera

Macho hayana pazia, walinena wahenga. Kamera inalo, na anayelifungua ana dhima ambayo jicho tupu halina. Je, dhima hiyo hupungua mpiga picha anapotoka katika filamu za hali halisi na kuingia katika filamu za hadithi? Wengi hudhani hupungua: kule aliaye hakuomba kuonekana, huku kilio ni cha kuigiza na mwenye nacho amelipwa.

Mwingereza Chris Menges, aliyezaliwa mwaka 1940, aliuvuka mpaka huo mara nyingi. Pamoja na Adrian Cowell alipiga filamu za hali halisi katika msitu wa Amazon na milima ya Washan, Burma. Kwa filamu za hadithi, The Killing Fields na The Mission, akatunukiwa Oscar mbili. Kazi yake ndiyo inayonifanya niikatae dhana ile.

Tazama Kes ya mwaka 1969, iliyoongozwa na Ken Loach. Kamera imekaa kando, nuru ni ya dirishani, watoto ni wa Barnsley kwenyewe. Mwalimu mkuu anawachapa wavulana bakora za mikononi. Bakora zile zilikuwa za kweli, wala watoto hawakuzitazamia. Na yule mdogo, ambaye katika hadithi alileta ujumbe tu, analia machozi yake mwenyewe. Aliyeamua ni mwongozaji, lakini pazia lilikuwa wazi. Nasi watazamaji tumeusifu ukweli wa picha ile pasi na kuuliza nani aliulipia.

Katika The Killing Fields ya mwaka 1984, Haing S. Ngor hakuwa mwigizaji. Alikuwa tabibu aliyenusurika utawala wa Khmer Rouge nchini Cambodia. Mkewe alifia uzazini mbele yake, naye asithubutu kuudhihirisha utabibu wake. Mbele ya kamera ya Menges, huko Thailand, akayapitia tena mateso yale. Lakini yeye alikuwa mtu mzima, alijua anachokikubali, na alitaka ulimwengu uyajue yaliyoisibu nchi yake. Hapo ndipo ninapoiona tofauti: katika idhini, si katika aina ya filamu.

Idhini nayo haimalizi deni. Nuru ya Menges ni nzuri, na mtunzi yeyote wa maombolezo anaujua mtihani wa vina vinavyokaa vizuri mno, msikilizaji akavisifu na kumsahau maiti. Ngor anapojikuta kati ya mifupa ya watu shambani, mimi humtazama yeye, nikaisahau nuru. Katika Kes naisikia kwanza bakora.