Mchoraji Mbele ya Muumba

Mimi ni katekista wa Musoma, na swali hili nimelibeba miaka mingi: kama Mungu pekee ndiye Muumba, mchoraji anafanya nini?

Jibu moja lilizaliwa katika chuo cha Makerere, Uganda, ambako Margaret Trowell alianza kufundisha sanaa mwaka 1937. Aliwataka wanafunzi wachore wanachokiona moyoni, wasinakili picha za Ulaya. Miaka ya 1940, Sam Ntiro wa Kilimanjaro alijifunza hapo uchoraji. Kisha Elimo Njau wa Marangu akaifikisha hoja ya Trowell kanisani. Mwaka 1959 alichora kwenye kuta za kanisa la Murang'a, Kenya, lililojengwa kuwakumbuka Wakikuyu waliouawa kwa imani yao wakati wa vita vya Mau Mau. Yesu wake ni Mwafrika, na mandhari ni ya Kikuyu.

Wazee fulani wa Bunda huniambia kuwa kumchora Yesu hivyo ni kumbadili Mungu. Siafiki. Aliyekubali kuwa mwanadamu alikubali pia kuwa na mama, kabila na kijiji. Tena Mungu hakuufananisha hata mwamba mmoja wa Musoma na mwenzake. Mchoraji haumbi pasipo kitu, anamwitikia Muumba. Anayenakili tu hajaitikia.

Ninyi mnaojenga makanisa mkoani Mara, acheni kununua picha zilizochapwa ng'ambo. Wapeni vijana wenu rangi na ukuta.