Je, Ni Haki Kumficha Mgonjwa Ukweli?

Wahenga walisema, mficha maradhi kilio humfichua. Kwa kawaida methali hii humlenga mgonjwa anayeficha maradhi yake. Je, tusemeje ikiwa wanaoficha ni jamaa zake, na anayefichwa ni mgonjwa mwenyewe? Swali hili sikulipata darasani. Nililipata katika chumba cha daktari mjini Kampala, nikiwa nimeketi kati ya daktari na baba yangu mkubwa, nikitafsiri.

Baba mkubwa ni mkulima wa kahawa katika miteremko ya milima ya Rwenzori, wilayani Kasese. Lugha yake ni Kikonzo, pamoja na Kiswahili kidogo cha mpakani. Daktari alizungumza Kiingereza na Kiganda. Kwa kuwa mimi ninasomea lugha, ukoo ulinichagua niwe mkalimani. Daktari alieleza kwamba uvimbe uliotolewa tumboni mwaka uliotangulia ulikuwa saratani, kwamba saratani hiyo sasa imeenea hadi kwenye ini, na kwamba kisu peke yake hakiwezi kuimaliza. Baba mkubwa akanigeukia, "Amesema nini?" Kabla hatujaingia, shangazi alikuwa amenishika mkono na kuniambia, "Mwanangu, usimuue kwa maneno." Basi nikajibu, "Amesema upasuaji uliacha vidonda. Utameza dawa, vitapona."

Ugonjwa wenyewe madaktari huuita GIST. Ni uvimbe unaoota katika ukuta wa njia ya chakula, mara nyingi tumboni au katika utumbo mwembamba, na ukisambaa hupenda kwenda kwenye ini na kwenye utando unaozunguka matumbo. Zamani mtu aliyefikia hatua hiyo hakuwa na tiba ya maana. Dawa za kawaida za saratani hazikuusikia uvimbe huu, na nusu ya wagonjwa walifariki ndani ya takribani mwaka mmoja na nusu. Mwaka 1998 watafiti wa Japani walionyesha kwamba wengi wa uvimbe huu huendeshwa na hitilafu katika jeni iitwayo KIT, ambayo huiamuru seli igawanyike bila kukoma. Mwaka 2000 mwanamke mmoja nchini Finland alipewa imatinibu, dawa iliyokuwa ikijaribiwa kwa saratani ya damu, nayo ikaunyamazisha uvimbe wake. Tangu hapo mgonjwa humeza vidonge vya miligramu 400 kila siku, na nusu ya wagonjwa huishi takribani miaka mitano au zaidi. Mwaka 2015 Shirika la Afya Duniani liliiweka dawa hiyo katika orodha ya dawa muhimu.

Lakini imatinibu ina sharti moja. Hulaza uvimbe, haiuondoi. Ugonjwa ukishaenea, mgonjwa akiacha kumeza dawa, hata kama amekaa miaka kadhaa akiwa mzima, kwa wengi uvimbe huamka tena baada ya miezi michache. Kwa hiyo dawa hii haimezwi mpaka upone. Humezwa maadamu inafanya kazi.

Sharti hilo nililisikia kwa Kiingereza. Kwa Kikonzo nilisema, "Usikose hata siku moja," lakini sikusema kwa nini. Ningesemaje kwa nini bila kuubomoa uongo wangu?

Baada ya miezi sita picha zilionyesha kwamba uvimbe umepungua. Baba mkubwa akanenepa, akarudi shambani. Baada ya mwaka na kitu akaacha dawa, wala hakutuambia. Tuliporudi naye Kampala akiwa na maumivu, daktari aliuliza kwa nini ameacha. Kabla sijatafsiri, mzee alijibu mwenyewe kwa Kiswahili chake: "Vidonda vilipona, daktari." Daktari hakumtazama yeye. Alinitazama mimi.

Siku hiyo nilimwambia baba mkubwa ukweli wote. Alinyamaza kwa muda mrefu. Kisha akasema jambo ambalo sikulitarajia: "Nilijua mnakopa nauli ya kunileta huku. Nikaona, kama ni vidonda tu na vimepona, kwa nini niwafilisi?" Tulimficha ugonjwa kwa kumhurumia, naye akatuficha kwamba ameacha dawa kwa kutuhurumia. Huruma mbili zilikutana gizani, zikaugua tumbo la mtu mmoja.

Watetezi wa kuficha wana hoja zao, na si za kudharauliwa. Kwanza, wanasema kwamba kumtajia mtu kifo ni desturi ya Wazungu, na kwetu ukoo ndio unaobeba habari nzito kwa niaba ya mgonjwa. Lakini historia haiwaungi mkono sana. Maandishi ya kale ya Wagiriki yanayohusishwa na Hippocrates yalimshauri daktari asimfunulie mgonjwa hali yake. Mwaka 1961 madaktari waliohojiwa Marekani, wapatao asilimia 90, walisema hawapendelei kumwambia mgonjwa kwamba ana saratani. Mwaka 1979 swali lilipoulizwa tena, asilimia 97 walipendelea kumwambia. Wao pia walikuwa wakificha kama sisi, wakabadilika ndani ya miaka isiyofika ishirini. Basi kuficha si damu ya Mwafrika, wala kusema si damu ya Mzungu.

Hoja ya pili ni nzito zaidi: ukweli huua matumaini, na mgonjwa asiye na matumaini hufa mapema. Mwanafalsafa Immanuel Kant, katika makala yake ya mwaka 1797, alishikilia kwamba kusema uongo ni kosa hata ukimwokoa mtu na muuaji. Mimi sifiki huko. Shangazi hakuwa mwovu, na ninaamini zipo nyakati ambapo kunyamaza ni utu. Mzee aliye katika siku zake za mwisho, asiyeuliza kitu, wala hana la kufanya tena, sioni kwa nini tumbandike jina la ugonjwa kwenye paji la uso.

Hapo ndipo ninapoiona tofauti. Wakati ugonjwa huu haukuwa na tiba, uongo wa jamaa ulimnyang'anya mgonjwa nafasi ya kuaga na ya kuusia. Hilo si dogo, lakini haukumwondolea dawa mkononi. Leo tiba imo mikononi mwa mgonjwa mwenyewe, kila siku, nyumbani kwake, mbali na daktari. Yeye ndiye anayeamua, kila anapoamka na macho yamevimba kwa sababu ya dawa, kama atameza au hatameza. Mtu huyo tukimficha anachopigana nacho, tunakuwa tumemweka askari zamu ya usiku bila kumwambia kwamba kuna adui. Akilala, tumlaumu nani?

Lakini kusema ukweli nako kuna mtego wake. Baba mkubwa aliuliza, "Nimebakiwa na muda gani?" Daktari alieleza kwamba mzee atarudia dawa ileile, kwani mara nyingi uvimbe ulioamka kwa sababu ya kuacha huitikia tena, ingawa si lazima urudi chini kama zamani. Ikishindwa, ipo sunitinibu, na baadaye regorafenibu, ingawa kuzipata ni safari nyingine. Alitaja ile miaka mitano, akaongeza kwamba kwa wengi imatinibu huchoka baada ya miaka miwili hivi, lakini kama mmoja kati ya kumi hufika miaka kumi bila uvimbe kukua. Nilitafsiri yote. Baba mkubwa akauliza, "Kati ya hao kumi, mimi ni yupi?"

Swali hilo ni la mwanafalsafa. Stephen Jay Gould, mwanabiolojia wa Marekani, aligunduliwa mwaka 1982 kuwa na saratani ambayo nusu ya wagonjwa wake walikufa ndani ya miezi minane. Aliandika kwamba nambari ya katikati haimwambii mtu mmoja hatima yake, naye akaishi miaka ishirini zaidi. Kumtajia mgonjwa "miaka mitano" kana kwamba ni tarehe iliyoandikwa ni uongo pia, ila umevaa joho jeupe. Daktari wetu hakuanguka katika mtego huo. Alijibu, "Sijui." Neno hilo moja nililitafsiri bila kuongeza wala kupunguza, na niliona mabega ya baba mkubwa yakishuka, kama mtu aliyetua mzigo.

Kwa maoni yangu basi, mgonjwa ana haki ya kujua mambo mawili bila kuuliza: ana ugonjwa gani, na dawa yake inamtaka afanye nini. Jambo la tatu, yaani muda uliobaki, ni lake kuuliza au kutouliza, na akiuliza, ajibiwe pamoja na yale yasiyojulikana. Ukoo una haki ya kumshika mkono anaposikia. Hauna haki ya kumziba masikio.

Nami kama mkalimani nimejifunza kwamba kutafsiri ni amana. Baba mkubwa alinikabidhi masikio yake kwa sababu yake hayakuijua lugha ile. Sasa anameza vidonge vyake kila jioni baada ya kula, na tunapokwenda Kampala bado ninaketi kati yake na daktari. Nikimaliza kutafsiri, huniuliza, "Ndiyo yote?" Zamani hakuwa akiuliza hivyo. Sina haki ya kulalamika.