Mwili Mbele ya Kamera

Mwaka 2013, Taryn Brumfitt, mama wa watoto watatu kutoka Adelaide, Australia, aliweka picha zake mbili mtandaoni. Katika ya kwanza yuko jukwaani kwenye mashindano ya kutunisha misuli, tumbo limekaza. Katika ya pili kakaa zake bila nguo, kanenepa, anatabasamu. Kinyume kabisa na matangazo ya dawa za kupunguza unene!

Picha zikaenea dunia nzima. Kwa michango ya watu mtandaoni akatengeneza filamu ya makala, Embrace, iliyotoka 2016.

Humo anawasimamisha wanawake barabarani, anawaomba waueleze mwili wao kwa neno moja. Wengi wanaukashifu. Wamo pia Harnaam Kaur, mwanamke Mwingereza mwenye ndevu, na Turia Pitt, aliyeungua vibaya akikimbia mbio ndefu mwaka 2011. Hawaombi huruma, wanasimulia tu, na hapo ndipo filamu inapopata nguvu.

Brumfitt mwenyewe aliwahi kupanga kufanyiwa upasuaji wa kurekebisha umbo. Akaghairi alipomfikiria binti yake: angemwambia nini?

Nawe msikilizaji, ukikutana na jirani asubuhi hii, msalimie vizuri. Habari za “mbona umenenepa hivyo” ziache.