Maji ya Mto Mara na Hukumu Yake

Amma baad. Ijulikane, ndugu Waislamu, ya kuwa Mto Mara hutoka msitu wa Mau katika Kenya, na kabla ya kuingia Ziwa Viktoria karibu na Musoma hupita katika kinamasi kikubwa, upande wa Tarime na Butiama, kilichojaa mafunjo. Mafunjo huzuia tope, na mizizi yake iliyokufa hulala majini bila ya kuoza upesi. Ndivyo yalivyo mabwawa ya Kanada na Urusi, ila huko baridi nayo husaidia.

Basi Machi 2022 maji yaligeuka meusi, yakanuka, samaki wakafa. Kamati ya serikali ilisema sababu ni kinyesi na mkojo wa ng'ombe walishwao kinamasini, pamoja na mimea iliyooza. Wengi hawakusadiki, wakashuku machimbo ya dhahabu.

Je, maji hayo yafaa udhu? Kwa madhehebu ya Imamu Shafii, maji mengi hayanajisiki ila najisi igeuze rangi, ladha au harufu. Na kinyesi cha ng'ombe ni najisi. Yakigeuka kwa tope au majani yaliyojiangukia, hayo ni tohara. Wala tohara si ruhusa ya kunywa, watu wasichanganye.

Mtume (s.a.w.) alikataza mtu kukojoa katika maji yaliyotuama. Mwenye ng'ombe mia asiseme mnyama hana taklifu, mchungaji anayo. Naachimbe hodhi mbali na mafunjo, awanyweshe huko.